Kubomoa na Kujenga Upya Dar es Salaam: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali haya nimeyakusanya kwenye mikutano ya mtaa, barazani, na kwenye viwanja ambako nyundo zilikuwa zinalia. Nimefanya kazi za ujenzi na uvunjaji hapa mjini kwa muda mrefu, na yale yale hurudi kila mahali, Ilala, Magomeni, Kimara hadi Kurasini. Usomapo jibu na kukuta limekuelekeza kwenye swali jingine, lifuate. Ni kwa sababu maelezo yako huko.

## Mwanzo wa mambo

Uendelezaji upya wa mji ni nini, na kubomoa kunahusika vipi?

Ni kulichukua eneo lililokwisha kujengwa na kulipanga na kulijenga tena ili libebe watu au shughuli zaidi, au ili liwe salama. Wakati mwingine kinachohitajika ni barabara na mifereji tu, nyumba zikabaki. Wakati mwingine nyumba zote hushuka.

Kubomoa ndiyo sehemu fupi kuliko zote. Kijiko, yaani mashine ya kuchimbia na kubomolea, kikifika saa mbili asubuhi, nyumba iliyojengwa kwa miaka kumi na tano inaweza kuwa kifusi kabla ya adhana ya adhuhuri. Kazi kubwa iko kabla yake (kupima, kuthamini, kulipa, kuhamisha) na baada yake (kujenga, kurudisha watu). Ukitaka kujua mradi una heri au hauna, usiangalie kijiko. Uliza wale watu watalala wapi kuanzia usiku wa siku ile hadi jengo jipya likamilike.

Kwa nini nyumba zisikarabatiwe tu?

Nyingi zingeweza. Nyumba ya Kiswahili ya vyumba sita, yenye korido katikati na uwani wenye choo na jiko, hukarabatika vizuri kama msingi ni mzima. Lakini ardhi ya Kariakoo haithaminiwi kwa nyumba iliyo juu yake. Inathaminiwa kwa fremu za maduka na ghorofa zinazoweza kukaa pale. Hapo mwenye nyumba akipiga hesabu, ukarabati unashindwa.

Kuna pia majengo ambayo hayakarabatiki. Nondo zilizooza ndani ya zege, hasa karibu na bahari ambako chumvi hula chuma, huvimba na kuipasua nguzo kutoka ndani. Ukiona zege linamenyeka na kutu inachungulia, mwite mhandisi kabla hujamwita fundi rangi.

Je, Dar iliwahi kubomoa mitaa mizima zamani?

Ndiyo. Baada ya uhuru Serikali iliamua kuondoa nyumba duni na kujenga za kisasa. Shirika la Nyumba la Taifa lilianzishwa mwaka 1962, na kazi yake kubwa ya awali ilikuwa hiyo: nyumba za udongo na makuti zinavunjwa, zinajengwa za matofali palepale, katika maeneo kama Magomeni na Ilala. Nia ilikuwa njema. Tatizo likawa hesabu: fedha nyingi zilikwenda kubadilisha nyumba iliyokuwepo kwa nyumba nyingine, huku watu wanaoingia mjini wakiongezeka kila mwaka bila nyumba za ziada.

Kufikia mwanzoni mwa miaka ya 1970 mwelekeo ukageuka. Badala ya kubomoa, mitaa kama Manzese ikaboreshwa ikiwa na watu wake ndani, ikaingizwa barabara, maji na taa. Wakati huohuo vikapimwa viwanja vya kuwapa watu wajenge wenyewe, na Sinza na Kijitonyama zikazaliwa hivyo. Anayedhani kubomoa ndiyo njia pekee aanze na historia hii ya hapa nyumbani.

Mbona katikati ya mji maghorofa marefu yaliota haraka kuliko uswahilini?

Umiliki. Mwaka 1971 Serikali ilitwaa majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, mengi yakiwa katikati ya mji na Upanga. Yakasimamiwa na Msajili wa Majumba, kisha mwaka 1990 yakahamia Shirika la Nyumba la Taifa. Hivyo pale mwenye nyumba wa viwanja vingi ni mmoja. Shirika lilipoanza kuingia ubia na wawekezaji, jengo la ghorofa mbili liliweza kushuka na mnara ukapanda kwa makubaliano ya pande mbili. Uswahilini kiwanja kimoja kina warithi tisa, na mmoja wao yuko Muscat.

## Nani anaamua, na ile alama ya X

Nani ana mamlaka ya kuibomoa nyumba yangu?

Inategemea sababu. Ardhi ikitakiwa kwa manufaa ya umma, kama barabara, reli au bandari, Rais ndiye mwenye mamlaka ya kuitwaa chini ya Sheria ya Utwaaji Ardhi ya mwaka 1967, na utekelezaji hupitia wizara ya ardhi. Kwenye hifadhi ya barabara kuu, yaani ukanda wa ardhi uliotengwa kando ya barabara, anayekuja ni TANROADS, wakala wa barabara. Ujenzi usio na kibali hushughulikiwa na halmashauri: Jiji la Dar es Salaam (iliyokuwa Ilala), Kinondoni, Temeke, Ubungo au Kigamboni.

Mwenyekiti wa serikali ya mtaa hana mamlaka ya kubomoa, wala mwekezaji hana, hata akija na greda na mabaunsa. Anayekuja aonyeshe karatasi: amri ya nani, ya lini, chini ya sheria gani.

X nyekundu na X ya kijani zina tofauti gani?

Ni alama zinazochorwa kwenye ukuta wa nyumba. Kwenye hifadhi ya barabara, X nyekundu ina maana unaonekana umejenga ndani ya hifadhi na unatakiwa kuondoka bila fidia. X ya kijani ina maana barabara ndiyo inayokufuata wewe, hivyo unastahili kulipwa kwanza.

Tofauti hii ilikolea baada ya Sheria ya Barabara ya mwaka 2007. Hifadhi ya barabara kuu na za mkoa ilipanuliwa kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande wa katikati ya barabara. Aliyekuwa kihalali kati ya mita 22.5 na 30 akajikuta ndani ya hifadhi kwa sababu sheria ilimsogelea, na huyo ndiye wa kijani. Ukipigwa X, usiifute. Ipige picha ikiwa na tarehe, kisha nenda ukaulize kwa maandishi umepimwa mita ngapi kutoka wapi.

Mbona Kimara walibomolewa mbali hivyo kutoka barabarani?

Kutoka Kimara hadi Kiluvya, hifadhi ya Barabara ya Morogoro ilihesabiwa kuwa mita 121.5 kila upande, kwa msingi wa sheria za barabara za zamani kuliko ile ya 2007. Mwaka 2017 nyumba zaidi ya elfu moja zilishuka. Wapo waliokuwa na hati, waliounganishiwa umeme na maji, na waliolipa kodi ya majengo miaka nenda rudi.

Nilipita Kimara wiki ile. Mama mmoja alikuwa amekalia kochi lake kando ya barabara, kochi limefunikwa nailoni kama lilivyokuwa sebuleni, magari ya mikoani yanapita nyuma yake. Hakuwa analia. Alikuwa anahesabu mabati. Naamini barabara ile ilihitajika, na foleni ya Kimara kila mtu anaijua. Lakini mamlaka iliyokupa hati na ile iliyokupa umeme zingekuwa zimezungumza na ile yenye ramani ya hifadhi, ungeambiwa kabla hujamwaga msingi.

Majengo ya umma hayakusalimika pia. Mwishoni mwa mwaka 2017 sehemu ya jengo la makao makuu ya TANESCO pale Ubungo ilivunjwa kupisha barabara za juu.

Napaswa kupewa notisi ya muda gani?

Kwa utwaaji wa ardhi, sheria ya 1967 inataka notisi ya kuachia ardhi isiyopungua wiki sita, ila Rais anaweza kuagiza muda mfupi zaidi ikiwa kuna dharura. Kwa ujenzi usio na kibali na hifadhi ya barabara, muda huandikwa kwenye notisi yenyewe. Soma tarehe iliyoandikwa na linganisha na tarehe uliyoipokea. Notisi ya siku 30 iliyokufikia siku ya 26 ni malalamiko halali. Andika siku uliyoipata na jina la aliyekuletea.

Sisi wa bondeni tunaondolewa kwa nini, na tumekaa miaka yote?

Mto Msimbazi unakusanya maji kutoka milima ya Pugu na Kisarawe, unapita Vingunguti, Kigogo na Jangwani hadi Daraja la Salenda. Mvua zikikolea juu, chini hakuna pa kukimbilia. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu zaidi ya 40, na waathirika wengi walipewa viwanja Mabwepande. Baadhi waliviuza wakarudi bondeni, kwa sababu riziki ilikuwa Kariakoo na nauli ya Mabwepande ilikuwa inaila riziki yenyewe.

Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Bomoabomoa ya mwishoni mwa 2015 na mwanzoni mwa 2016 ilifanywa kwa msingi huo, wengi wakiondoka bila kitu. Mradi wa sasa wa Bonde la Msimbazi, wenye mkopo wa Benki ya Dunia wa dola milioni 200, umekwenda njia nyingine: watu walihesabiwa na kulipwa ndipo nyumba zikashuka. Eneo moja, mto mmoja, ubomoaji wa namna mbili.

## Fidia

Fidia inajumuisha vitu gani?

Katiba, ibara ya 24, inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila fidia inayostahili, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Kanuni za fidia za mwaka 2001 zinaitaja hivi:

Kwanza ni thamani ya ardhi yenyewe na maendelezo yaliyo juu yake, yaani nyumba, kisima, uzio, mwembe, kwa bei ya soko. Kisha posho ya usumbufu, ambayo ni thamani ya ardhi mara wastani wa riba ya amana za muda maalumu kwenye benki za biashara kwa miezi 12. Kisha posho ya makazi, ambayo ni kodi ya soko ya nyumba yako kwa mwezi mara 36. Kwa mfano nyumba ambayo ingepangishwa kwa shilingi 300,000 posho yake ni 10,800,000. Kisha usafiri, gharama ya kubeba tani 12 kwa umbali wa kilomita 20. Mwisho ni faida ya biashara iliyopotea, nayo mara miezi 36.

Kiwanja kitupu hakipati posho ya makazi, usafiri wala faida ya biashara. Na ukiletewa karatasi yenye jumla moja tu chini, omba mchanganuo. Watu wengi husaini jumla bila kujua posho ipi imerukwa.

Sina hati. Nitalipwa?

Kutokuwa na hati peke yake hakukufuti. Makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kwamba karibu asilimia 70 ya wakazi wa Dar wanaishi maeneo yasiyopimwa, na Sheria ya Ardhi inatambua maslahi yao. Andaa leseni ya makazi kama unayo (hutolewa kwa muda usiozidi miaka 5, kagua haijaisha), mkataba wa mauziano uliogongwa muhuri wa serikali ya mtaa, risiti za kodi ya majengo na bili za umeme na maji. Mashahidi wa mipaka ni muhimu kuliko wengi wanavyofikiri: jirani wa kushoto, wa kulia na wa nyuma.

Asiyelipwa ni aliyejenga kwenye hifadhi, au aliyejenga baada ya tarehe ya ukomo, yaani siku uthamini ulipoanza. Kuongeza chumba usiku baada ya mthamini kupita hakukusaidii. Picha zake zina tarehe.

Nilithaminiwa zamani, fedha hazijaja. Nifanyeje?

Chini ya Sheria ya Uthamini ya mwaka 2016, uthamini wa fidia una uhai wa miaka miwili tangu uidhinishwe na Mthamini Mkuu. Ukipita bila malipo, unapaswa kurudiwa. Na fidia isipolipwa ndani ya miezi sita, huanza kuzaa riba. Riba hiyo haiji yenyewe, lazima uidai kwa barua.

Wakazi wa Kipawa na Kipunguni waliopisha uwanja wa ndege walisubiri miaka mingi sana. Nyumba iliyothaminiwa haiuziki, benki haiikopeshi, na mwenyewe anaogopa kuipiga hata plasta. Huko nako ni kubomolewa, polepole.

Mimi ni mpangaji. Nina haki gani?

Ndogo, na hilo naliona kama donda kubwa la utaratibu wetu. Fidia hufuata mwenye maslahi katika ardhi, na mpangaji wa chumba hatajwi. Nyumba ya vyumba sita inaweza kuwa na kaya sita. Hundi inakwenda kwa mmoja, tano zinabeba magodoro.

Ulichonacho ni mkataba wako. Kodi uliyolipa mbele kwa miezi ambayo hutakaa, mwenye nyumba anapaswa kukurudishia, hivyo tunza risiti. Ikiwa mradi unafadhiliwa na Benki ya Dunia, kanuni zake zinataka wapangaji nao waorodheshwe na wasaidiwe kuhama. Hakikisha jina lako limeingia siku ya kuhesabu, usimwachie mwenye nyumba akuandikishe.

Na biashara yangu? Nililipa kilemba.

Faida iliyopotea huthibitishwa kwa hesabu zilizokaguliwa. Mama lishe mwenye wateja sitini kwa siku lakini hana daftari, kwa kanuni hana biashara. Anza leo kutunza daftari na risiti za kodi.

Kilemba ni kigumu zaidi. Ulimlipa mpangaji aliyekutangulia ili akuachie fremu, mara nyingi bila karatasi, na mthamini hakioni. Kabla ya kutoa mamilioni kwa fremu ya Kariakoo, muulize mwenye jengo, uso kwa uso, kama ana mpango wa kuvunja, na jibu lake liingie kwenye mkataba.

## Kazi yenyewe ya kubomoa

Mwenye nyumba binafsi anahitaji kibali kuvunja nyumba yake?

Ndiyo, omba halmashauri. Kwa jengo la ghorofa, shirikisha mkandarasi aliyesajiliwa na Bodi ya Usajili wa Makandarasi, na eneo la kazi lisajiliwe OSHA, wakala wa usalama na afya mahali pa kazi. Kabla ya nyundo ya kwanza, TANESCO wakate umeme kwenye nguzo na DAWASA wafunge maji. Kuzima swichi kuu ya ndani hakutoshi, waya unaoingia bado una moto.

Jengo hushushwaje?

Kinyume cha lilivyopanda. Milango, madirisha, waya na mabomba hutoka kwanza, kisha bati, kenchi, kuta za juu, lenta, kuta za chini, mwisho jamvi na msingi. Kwa ghorofa, sakafu moja moja kutoka juu, na kifusi hakirundikwi sakafuni, kwa maana kila tani inayoongezeka inaweza kuangusha sakafu ile na zilizo chini yake.

Nikupeleke Ilala, nyumba ya vyumba sita. Vijana wawili juu ya paa wanang'oa misumari kwa mtaimbo, taratibu, kwa sababu bati lililokunjika halina bei. Chini, mzee anazipanga na kuandika namba kwa chaki, zinakwenda Chanika kwa mwanawe. Fremu za mninga zinatolewa zikiwa nzima. Upande wa barabara kijana ameweka nondo juu ya tofali, anainyoosha kwa nyundo, pigo baada ya pigo, hadi inakuwa fimbo tena. Kazi hii inachukua siku nne. Kijiko kingeimaliza kwa saa tatu, na karibu kila kitu kingekwenda dampo.

Kosa linaloua ni kuanzia chini. Kupiga ukuta wa chini ili "uanguke wenyewe", au kukata nguzo moja kupata nafasi, ni kuliachia jengo liamue litaangukia wapi.

Je, jengo linaweza kuwa hatari hata kabla halijaguswa?

Linaweza. Machi 29, 2013, jengo la ghorofa 16 lililokuwa linajengwa mtaa wa Indira Gandhi liliporomoka, likaua watu 36. Novemba 16, 2024, jengo la ghorofa lililokuwa likitumika kwa biashara lilianguka Kariakoo asubuhi, na waokoaji walichimba kifusi kwa siku kadhaa huku waliofukiwa wakipiga simu kutoka chini. Baada yake Serikali iliagiza majengo ya Kariakoo yakaguliwe.

Ninayaweka hapa kwa makusudi. Tunapozungumzia ubomoaji tunafikiria nyumba za wanyonge, lakini majengo ambayo mji huu ungepaswa kuwa wa kwanza kuyashusha ni yale marefu yasiyo salama, ambayo wenyewe wana uwezo wa kuchelewesha. Ukiona nyufa za mshazari kwenye nguzo, milango iliyoanza kugoma kufunga, au watu wanachimba chini ya jengo linalotumika, toka kwanza, piga simu Zimamoto 114 ukiwa nje.

Vitu vinavyotoka ni vya nani?

Kwa nyumba yako binafsi ni vyako, isipokuwa umempa mkandarasi kama sehemu ya malipo. Hilo liandikwe. Kwa nyumba iliyolipwa fidia, ulizia mapema kama unaruhusiwa kuokoa mabati na milango. Mara nyingi unapewa siku chache. Weka mlinzi usiku wa kuamkia siku ya kazi, maana vijana wa vyuma chakavu huwahi kuliko kijiko.

Kifusi nikipeleke wapi?

Kinafaa kujaza viwanja vilivyo chini na kutengeneza njia za mtaani, na wanaokitaka wapo. Kisipelekwe bondeni. Malori yanayomwaga usiku kandokando ya Msimbazi yanaubana mto, na maji yaliyobanwa yanaingia kwa watu wengine. Tazama swali la bondeni hapo juu.

Paa letu ni la zile bati za kijivu za zamani. Kuna neno?

Kama ni asbesto, lipo kubwa. Kota nyingi na majengo ya umma ya zamani yaliezekwa nazo. Ikiwa nzima haina shida. Ikivunjwa hutoa nyuzi ndogo zisizoonekana zinazoingia mapafuni na kuleta saratani miaka mingi baadaye. Usiikate kwa msumeno wala kuitupa chini kutoka juu. Ilowanishwe, ishushwe nzima, ifungwe kwa nailoni nzito, na NEMC, baraza la mazingira, waulizwe pa kuizika. Usiitumie tena kwenye banda la kuku.

Jirani anavunja, ukuta wangu umepata nyufa.

Kabla hajaanza, piga picha kuta zako zote, ndani na nje, na mjumbe awe shahidi. Nyufa zikitokea, weka alama ya penseli kwenye ncha ya ufa na tarehe. Ukivuka alama, una ushahidi kwamba unakua. Mwandikie jirani, nakala kwa mtendaji wa mtaa na mhandisi wa halmashauri. Hatari zaidi kuliko uvunjaji ni uchimbaji wa msingi mpya: shimo la ghorofa ya chini likichimbwa kando ya ukuta wako bila kukingwa, udongo wa mchanga wa Dar hutiririka kama sukari.

## Baada ya kubomoa

Je, waliobomolewa huwa wanarudi?

Wachache, na ndiyo maana Magomeni Kota inatajwa sana. Kaya 644 ziliondolewa, kota zao zikavunjwa, na kwa karibu miaka kumi pakawa uwanja wa majani. Mwishowe TBA, wakala wa majengo wa Serikali, wakajenga maghorofa, na Machi 23, 2022 Rais Samia Suluhu Hassan akayazindua. Kaya zilezile 644 zikapewa nafasi ya kwanza na kuwekewa utaratibu wa kununua nyumba zao.

Nauheshimu mradi ule. Lakini miaka kumi ni mingi: wazee kadhaa walifariki wakiwa kwenye nyumba za kupanga, na mtoto aliyeondoka akiwa darasa la kwanza alirudi kijana. Ahadi ya kurudi isiyo na tarehe haitoshi.

Mwekezaji anataka tuingie ubia kwenye kiwanja chetu. Tukubali?

Yawezekana, kama mkataba unasema wazi mnapata ghorofa zipi (si "asilimia fulani" tu), mnakaa wapi na nani analipa kodi wakati wa ujenzi, kazi inaisha lini, na nini kinatokea ikisimama. Msikubali nyumba ivunjwe kabla kibali cha kujenga hakijatoka na fedha za ujenzi hazijaonyeshwa. Nyumba ikishavunjwa, nguvu yenu ya kujadili imevunjwa nayo. Sehemu zenu zisajiliwe kwa hati za sehemu ya jengo, ambazo sheria ya mwaka 2008 inaziruhusu.

Na mradi ukifa njiani?

Kigamboni wanalijua hilo. Mwaka 2008 ulitangazwa mji mpya, wakazi wakazuiwa kuendeleza maeneo yao, miaka ikapita, mji haukuja. Hakuna aliyebomolewa kwa wingi, lakini paa zilivuja bila kubadilishwa. Zuio lisilo na mwisho mlipinge kwa barua mapema, na mdai tarehe.

## Mambo ya pembeni yanayotokea kweli

Kuna makaburi kwenye kiwanja.

Hayaguswi hivihivi. Sheria ya kuhamisha makaburi ya mwaka 1969 inaweka utaratibu: notisi itolewe, ndugu wajulishwe, mabaki yazikwe upya kwa heshima ya dini ya marehemu, na gharama zilipwe. Andikisheni makaburi siku ya uthamini, hata yasiyojengewa.

Nyumba ni ya kihistoria. Inaweza kuvunjwa?

Iliyotangazwa chini ya Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inalindwa. Isiyotangazwa haina mtetezi ila watu. Jengo la Salamander pale Samora limekwenda. Boma la Kale, lililojengwa miaka ya 1866 na 1867 kwa matumbawe wakati wa Sultan Majid, limebaki na sasa lina kituo cha urithi wa majengo. Nenda ukauguse ukuta wake siku ya jua kali. Ndani ni baridi bila kiyoyozi.

Mwenye nyumba amefariki, warithi hatuelewani.

Fidia hailipwi kwa mgogoro. Fungueni mirathi, Mahakama ya Mwanzo iteue msimamizi, na yeye ndiye asaini. Mkiwa bado mnagombana, ombeni fedha ziwekwe mahakamani, msizuie uthamini. Na mume hawezi kuuza wala kuingiza kwenye ubia nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mke. Sheria ya Ndoa ya 1971 inamlinda.

Nimerudi safari nimekuta nyumba imeshashushwa. Naanzia wapi?

Usiruhusu kifusi kiondolewe kabla hujapiga picha, pamoja na msingi na nyumba za jirani ili eneo litambulike. Siku hiyohiyo nenda kwa mtendaji wa mtaa uandikishe, kisha polisi upate namba ya taarifa, hasa kama vyombo vilikuwa ndani. Tafuta nakala ya notisi: ilitolewa kwa nani, ikabandikwa wapi.

Ikiwa aliyebomoa ni Serikali au halmashauri, kumshtaki kunahitaji notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na shauri huanzia Mahakama Kuu. Huna wakili? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 ipo kwa ajili yako, na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu husikiliza kesi za aina hii. Nenda na picha, mkataba wa mauziano, risiti, na majina ya majirani watatu wa mipaka. Nakala, si halisi. Halisi ziache kwa mtu unayemwamini.